Noti za Bibi na Watu wa Pangoni

Bibi alipofariki Februari 2021, shangazi ndiye aliyefungua sanduku lake. Ilikuwa siku ya nne baada ya maziko. Matanga yameisha, sufuria za kukodi zimerudishwa, na nyumba ya Kisauni imebaki na ule ukimya wa watu kuongea kwa sauti ya chini hata kama hakuna aliyelala. Juu kulikuwa na leso mpya ambazo hakuwahi kuzivaa, kisha mswala, kisha cheti cha kuzaliwa cha baba yangu. Chini kabisa, kwenye pembe ya leso iliyopigwa fundo, kulikuwa na pesa.

Shangazi akahesabu. Noti 43 za elfu moja. Akahesabu tena, halafu akanitazama.

"Hizi si zile zilizokufa?"

Ndizo. Zote zilikuwa na sura ya Mzee Jomo Kenyatta, zote zimekunjwa mara mbili, na zote zilikuwa hazina thamani tangu tarehe 1 Oktoba 2019. Elfu arobaini na tatu. Bibi aliuza viazi vya karai na mahamri kwa miaka mingi, kwa hivyo unaweza kupiga hesabu mwenyewe ni karai ngapi hizo.

Jioni ile nilitumwa mkate. Sijui nilikuwa najaribu nini, lakini niliweka noti moja ya Bibi mfukoni, na nilipofika dukani nikaitoa. Mzee mwenye duka, ambaye amenijua tangu navaa kaptura ya shule, akaishika, akaiinua kwenye taa, akaangua kicheko.

"Kijana, hii umeifukua wapi? Ama wewe ni Ashabul Kahfi, umeamka leo?"

Nilicheka pia. Nikamlipa kwa M-Pesa, nikarudi nyumbani na mkate. Lakini usiku sikupata usingizi, na nikiwa sina usingizi mimi husoma. Huo utani wa dukani ndio ulionianzisha kwenye kisa cha vijana waliolala pangoni, na miaka imepita sijakimaliza.

*

Tuanze Efeso, mji ambao magofu yake leo yako karibu na Selçuk, nchini Uturuki. Mwaka 249 Decius alikuwa Kaizari wa Roma. Dola ilikuwa inayumba, mipaka inashambuliwa, makaizari wanapinduana kama viti vya muziki. Decius akaamua tiba ni kurudi kwa miungu ya zamani. Akatoa amri kwamba kila mtu katika dola atoe sadaka kwa miungu mbele ya maafisa, kisha apewe cheti.

Hii sehemu ya cheti si ngano. Vyeti vyenyewe vimepatikana Misri, vimeandikwa kwenye mafunjo, vya mwaka 250. Mtu anataja jina lake, anasema amekuwa akitoa sadaka siku zote, ametoa tena leo mbele yenu, ameonja nyama ya kafara, na anaomba mtie sahihi. Ukivisoma utadhani uko kwenye foleni ya ofisi ya serikali. Hata wakati huo kulikuwa na watu waliohonga wapate cheti bila kutoa sadaka. Wengine walitoa sadaka wakajuta. Wengine walikataa, wakafungwa au wakauawa.

Kisa kinasema vijana wachache wa Efeso, wa familia nzuri, walikataa. Wakajificha kwenye pango mlimani. Kaizari akaamuru mlango wa pango uzibwe kwa mawe, wafie humo. Watu wawili wa ikulu, Wakristo wa siri, wakaandika majina yao na habari yao kwenye bamba la risasi, wakalificha kwenye ule ukuta. Vijana hawakujua lolote. Walikuwa wamelala.

Decius mwenyewe hakudumu. Mwaka 251 alikufa vitani dhidi ya Wagothi, kwenye kinamasi, Kaizari wa kwanza wa Roma kuuawa na adui wa nje akiwa uwanjani. Kutoka amri ile hadi kifo chake ni kama mwaka mmoja na nusu tu. Hatari waliyoikimbia vijana wale ilipita haraka. Usingizi wao ndio haukupita.

Miaka ikaenda. Dola iliyowawinda Wakristo ikawa ya Kikristo. Katika enzi ya Theodosius wa Pili, aliyetawala kuanzia 408 hadi 450, mwenye shamba fulani alikuwa anatafuta mawe ya kujengea zizi. Wafanyakazi wake wakabomoa ukuta wa pango. Mwangaza ukaingia, vijana wakaamka wakidhani wamelala usiku mmoja. Wana njaa. Wakamtuma mmoja wao mjini akanunue mkate, na wakamwambia aende kwa tahadhari, polisi wa Decius wasimkamate.

Nikifika hapa huwa napunguza mwendo. Kijana anafika kwenye lango la mji na kuona msalaba umewekwa juu. Anazunguka kwenda lango jingine. Msalaba. Anaingia ndani, anasikia watu wakiapa sokoni kwa jina la Kristo, jina ambalo jana lilikuwa likitajwa kwa kunong'ona. Anajiuliza kama amepotea akaingia mji mwingine. Anaenda kwa mwoka mikate, anatoa sarafu. Mwoka mikate anaiangalia, anampa mwenzake aiangalie, wanaanza kunong'onezana. Kijana anadhani wamemtambua. Wao wanadhani ameokota hazina ya kale. Wanamwambia: tuonyeshe ulipofukua, tugawane, la sivyo tunakupeleka mbele.

Miaka karibu mia mbili imepita, na wa kwanza kugundua ni muuza mkate, kwa kuangalia pesa.

*

Hatujui nani alikisimulia kisa hiki kwanza. Tunajua Yakobo wa Serugh, askofu na mshairi aliyekufa mwaka 521, alikitungia hotuba ya kishairi kwa Kisiria. Tunajua Gregory wa Tours, kule Gaul ambayo leo ni Ufaransa, alikiandika kwa Kilatini karne ya 6 na akasema alisaidiwa na Msiria kukitafsiri. Yaani ndani ya karne moja na nusu hivi hadithi ya mji wa Efeso ilikuwa imevuka bahari nzima ya Mediterania.

Kulikuwa na sababu ya kisa kupendwa. Wakati wa Theodosius, Wakristo walikuwa wanabishana kama miili ya wafu itafufuka kweli. Halafu hao hapo, vijana wenye miili, wenye njaa, wenye chenji mfukoni. Kaizari anakuja mbio kutoka Constantinople kuwaona, wanamwambia walichotaka kumwambia, kisha wanalala tena, safari hii moja kwa moja.

Mwaka 1927 na 1928 wanaakiolojia kutoka Austria walichimba mahali panapoitwa pango la Wale Saba, nje ya Efeso. Walikuta kanisa la chini ya ardhi na mamia ya makaburi. Hawakukuta waliolala, ila walikuta watu waliotaka kuzikwa karibu nao. Kwa mwanahistoria hilo pia ni jambo. Mtu hulipia kaburi karibu na kitu anachokiamini.

Na hesabu? Hesabu imesumbua wasimulizi tangu zamani. Kutoka Decius hadi mwisho wa Theodosius haiwezi kuzidi miaka 200, lakini masimulizi ya Kilatini yalikuwa yanataja zaidi ya 300. Jacobus de Voragine, mtawa wa karne ya 13 aliyekusanya visa vya watakatifu, alikaa akapiga hesabu, akaona haitoshani, akaipunguza hadi chini ya 200. Nampenda kwa hilo. Alikuwa anaamini kwamba watu walilala karne nzima bila kula, lakini hesabu ikikosea hawezi kunyamaza.

*

Bibi hakuwahi kusikia habari za Jacobus. Yeye alikuwa na Suratul Kahf, sura ya 18 ya Kurani, aya 110, na alikuwa akiisoma kila Ijumaa. Ukikulia pwani unajua hiyo sauti. Ijumaa asubuhi, kabla ya watu kuanza kupiga pasi kanzu, nyumba kadhaa za mtaa mmoja zinasoma sura moja, kila nyumba imefika aya yake.

Kurani haitaji Efeso wala Decius. Haitaji jina la kijana hata mmoja. Inataja vitu vingine: jua linavyopita kuume kwa pango likichomoza na kushoto likizama, vijana wanavyogeuzwa ubavu huu na ubavu huu, mbwa wao aliyenyoosha miguu ya mbele mlangoni. Mtu akiwaona angedhani wako macho. Wanapoamka wanaulizana wamelala kwa muda gani. Wanajibizana: siku moja, ama sehemu ya siku. Kisha wanamtuma mmoja mjini na pesa ya fedha akatafute chakula kilicho safi.

Halafu inakuja sehemu ambayo nikiwa mdogo niliiona kama fumbo. Watu wanabishana walikuwa wangapi. Watatu na wa nne mbwa wao? Watano na wa sita mbwa? Saba na wa nane mbwa? Jibu ni kwamba Mola ndiye ajuaye, na kwamba usibishane sana juu ya jambo hilo. Kuhusu muda inatajwa miaka mia tatu, na wakazidisha tisa. Wafasiri wengi wameeleza hiyo tisa hivi: miaka 300 ya jua ni sawa na miaka 309 ya mwezi. Nilipiga hesabu kwa simu. Miaka 300 ya siku 365 na robo hivi, ukigawa kwa mwaka wa mwezi wa siku 354 na kitu, unapata 309 na kidogo. Usingizi mmoja, kalenda mbili. Na bado aya inayofuata inarudisha kila kitu kwa Mwenyezi Mungu: Yeye ndiye ajuaye zaidi walikaa muda gani.

Katikati ya kisa hicho kuna agizo ambalo linaonekana kama limeingia tu: usiseme juu ya jambo lolote kwamba utalifanya kesho, isipokuwa useme Mungu akipenda. Wapokezi wa sira wanasimulia kwamba Mtume aliulizwa habari za vijana hao na Makuraishi wa Makka, akawaahidi jibu kesho yake bila kusema inshallah, na wahyi ukachelewa siku 15. Nilikuwa naijua hadithi hiyo tangu madrasa. Sikuwahi kujiuliza kwa nini onyo juu ya kesho limewekwa ndani ya kisa cha watu waliopoteza kesho zote.

Kisa chenyewe kiliendelea kusafiri. Waislamu wa nchi nyingi wameandika majina ya vijana hao, na la mbwa wao Kitmir, kwenye hirizi. Miji kadhaa, kuanzia Uturuki hadi Jordan, inadai pango ni lake. Na Ufaransa, kwenye kijiji cha Vieux-Marché huko Brittany, kuna kanisa dogo lililojengwa juu ya mawe makubwa ya kale, la Watakatifu Saba. Kuanzia 1954 msomi Louis Massignon aliwakusanya Wakristo na Waislamu wahiji hapo pamoja, wakati Ufaransa na Algeria zinaingia vitani. Ni visa vichache vinavyoweza kufanya hivyo.

*

Efeso haiko peke yake. Binadamu amekuwa akisimulia kisa cha mtu aliyeteleza nje ya wakati karibu kila mahali.

Talmudi ya Babeli ina Honi, mcha Mungu aliyejulikana kwa kuomba mvua. Anamkuta mzee anapanda mti wa kharubu, anamuuliza utazaa lini. Baada ya miaka 70. Wewe utaishi miaka 70? Mzee anasema alikuta kharubu zilizopandwa na babu zake, na yeye anawapandia wajukuu. Honi anakaa kula, usingizi unamchukua, analala miaka 70. Anaamka, anamkuta mjukuu wa yule mzee anachuma. Anaenda kwao, mwanawe ameshakufa, yuko mjukuu. Anaenda kwenye nyumba ya masomo, anawasikia wakisema somo limeeleweka leo kama enzi za Honi. Anawaambia: mimi ndiye Honi. Hawamwamini, hawampi heshima yake. Anaomba kufa, na anakufa. Hapa hakuna sarafu. Kuna jina, na jina pia linaweza kukataliwa dukani.

Japani wana Urashima, mvuvi aliyeokoa kasa, akapelekwa kwenye kasri chini ya bahari. Anakaa kama miaka mitatu, anatamani kwao, anarudi, anakuta karne tatu zimepita. Kijisanduku alichoambiwa asikifungue anakifungua, na uzee wote uliokuwa umefungiwa ndani unamrukia. Kumbukumbu rasmi za Japani za mwaka 720 zinamtaja na kumpa hata mwaka wake, 478, kama vile ni taarifa ya habari.

Marekani wana Rip Van Winkle wa Washington Irving, aliyechapishwa mwaka 1819. Huyu alilala miaka 20 tu mlimani, lakini aliyalala mapinduzi. Anarudi kijijini siku ya uchaguzi, anaulizwa anapigia nani kura, anajitambulisha kwa nia njema kabisa kuwa ni raia mwaminifu wa Mfalme. Karibu wampige. Ile picha ya Mfalme George nje ya hoteli bado ipo, ila imepakwa rangi upya na kuandikwa chini: Jenerali Washington.

Ukiviweka visa hivi pamoja unaona kitu kimoja. Pangoni hakuna kinachotokea. Mtu akilala, kwake wakati haujavunjika hata kidogo. Jana ilikuwa jana. Wakati unavunjika anapokutana na watu. Unavunjika kwenye kaunta ya duka, kwenye lango, kwenye chumba cha kura. Mwoka mikate wa Efeso hakuwa na saa wala kalenda mkononi. Alikuwa na sura ya Kaizari ambaye hakumtambua.

Ndiyo maana wenye mamlaka wanaweza kuvunja wakati bila muujiza. Mwaka 1582 nchi zilizomfuata Papa Gregory wa 13 zililala tarehe 4 Oktoba zikaamka tarehe 15. Uingereza na makoloni yake walifuata mwaka 1752, wakalala tarehe 2 Septemba wakaamka tarehe 14. Kenya nayo, chini ya mkoloni, ilikuwa na kipindi ambapo saa za Nairobi zilikuwa mbele ya Greenwich kwa saa 2 na dakika 45, robo saa pungufu ya tunavyohesabu leo. Baadaye robo hiyo ikaongezwa kwa tangazo. Hakuna aliyezeeka kwa dakika 15 usiku ule, lakini kila mtu alizilipa.

*

Tarehe 1 Juni 2019, Madaraka Dei, sherehe zilikuwa Narok. Hapo ndipo noti mpya zilipozinduliwa. Katiba ya 2010 ilikuwa imesema noti na sarafu zisiwe na picha ya mtu yeyote, kwa hivyo sura za marais zikatoka, jengo la KICC likaingia mbele, na sarafu zilikuwa tayari zimepewa wanyama. Siku hiyohiyo Gavana wa Benki Kuu, Patrick Njoroge, akatangaza kwamba noti za zamani za elfu moja zitaacha kutumika tarehe 1 Oktoba. Za 50, 100, 200 na 500 zingeendelea. Lengo lilikuwa pesa chafu na noti bandia, watu waliokuwa wameficha mamilioni chini ya vitanda.

Sina ugomvi na hilo. Kulikuwa na miezi minne, kulikuwa na matangazo redioni kwa lugha nyingi, na noti zaidi ya milioni 200 zilirudishwa. Lakini noti zaidi ya milioni 7 hazikurudi. Zaidi ya shilingi bilioni 7. Watu tulicheka mtandaoni kuhusu wanasiasa na magunia yao. Bila shaka wako walioyaacha magunia yaoze. Mimi sasa nikisikia hiyo milioni 7 nawaza 43.

Halafu ukaja 2020, mwaka ambao kizazi chetu chote kilitiwa pangoni. Katikati ya Machi shule zikafungwa. Julai, Waziri wa Elimu George Magoha akatangaza kwamba mwaka wa masomo umepotea, wanafunzi watarudia. Sikumbuki kama kuna serikali nyingine niliyowahi kuisikia ikiutangaza mwaka mzima kuwa haukuwepo. Oktoba darasa chache zikarudi, wengine wote Januari 2021. Mtihani wa KCSE wa 2020 ukafanywa 2021. Wa 2021 ukafanywa 2022. Wa 2022 ukafanywa 2022 pia, mwishoni. Mwaka mmoja, mitihani miwili. Muulize binamu yako aliyekuwa sekondari wakati huo ni wa mwaka gani, uone atakavyosita kwanza.

Mimi nilikuwa chuo, Nairobi. Masomo yakahamia kwenye simu, bando likawa ghali kuliko chakula. Baba alikuwa anafanya kazi hotelini pwani, na unajua hoteli za pwani zilivyokuwa mwaka ule. Tulipoitwa kurudi, nilikuwa na deni la karo la shilingi 51,000 na sikurudi. Sikufukuzwa. Sikuandika barua. Nilinyamaza tu, na mtu akinyamaza vya kutosha, jina lake hutolewa kwenye orodha. Wenzangu waligradueti. Nikikutana nao tauni huniuliza, "Uko wapi siku hizi?" na mimi huanza kueleza mambo ya 2020, na huona macho yao yakinitazama kama yule mwoka mikate.

Noti 43 zingebaki na deni la elfu nane. Hiyo ni hesabu ambayo sikutaka kuipiga, na nilikuwa nimeshaipiga kabla shangazi hajamaliza kuhesabu mara ya pili.

*

Nimechelewesha sehemu hii kwa makusudi.

Mwisho wa Agosti 2019 Bibi alinipigia. Kwa kawaida alikuwa anabipu, mimi ndiye nampigia. Siku hiyo alipiga mwenyewe, kwa simu ya shangazi, na nilisikia kwamba ametoka nje ili asisikike.

"Mjukuu wangu. Hizi elfu za Mzee, ni kweli zinafutwa?"

"Ni kweli, Bibi. Lakini muda upo, mpaka mwisho wa Septemba. Unazo?"

"Ninazo kidogo."

Kidogo. Nilidhani ni mbili, tatu. Nikamwambia asisumbuke na foleni za benki na miguu yake ile, na asimpe mtu yeyote, nitakuja wikendi ijayo nimbadilishie.

"Sema inshallah."

"Inshallah, Bibi," nikasema, nikicheka, nikiwa tayari natafuta njia ya kukata simu.

Sikwenda. Nauli niliyokuwa nayo niliila Naivasha na wenzangu. Wikendi iliyofuata kulikuwa na kazi ya darasani, iliyofuata sikumbuki. Septemba ikaisha. Oktoba nilimpigia, tukaongea juu ya mvua, juu ya jirani aliyeolewa tena, na hakutaja pesa. Desemba nikaenda nyumbani, nikakaa siku kumi, nikala viazi vyake, na hakutaja. Mimi nilikuwa nimesahau. Kusahau kabisa, kama mtu aliyelala. Yeye alikuwa na fundo kwenye leso, anajua lina nini ndani, na kila Ijumaa anasoma sura inayosema usiseme utafanya kesho, na hakunisuta hata kwa utani.

Shangazi aliniambia baadaye, bila kunilaumu, kwamba Bibi alikuwa anaziita pesa za shule. Hakusema za nani. Mjukuu wake aliyekuwa shule ya kulipiwa wakati huo nilikuwa mimi.

Edward Gibbon, mwanahistoria Mwingereza asiyekuwa na imani kubwa na miujiza, alikisimamia kisa cha Wale Saba kwa heshima isiyo ya kawaida kwenye kitabu chake cha kuanguka kwa Roma. Hoja yake ni kwamba sisi huzeeka na dunia taratibu, hatuoni inavyobadilika, mpaka tuletewe mtu aliyelala atushtue. Nadhani yuko sahihi, lakini aliwaangalia waliolala kutoka upande wa mji. Hakuuliza kuhusu aliyebaki macho akisubiri mtu aamke. Kwenye visa vyote nilivyosoma, hakuna anayesimulia habari za mama wa wale vijana wa Efeso. Lazima kuna mwanamke aliyeishi miaka yake yote karibu na mlima ule, akidhani anajua kilichoko nyuma ya mawe. Kwake hakukuwa na muujiza wowote. Kwake wakati ulienda kama kawaida, siku baada ya siku, bila kuruka hata moja.

*

Shangazi hakutaka kuzichoma noti. Alisema pesa haichomwi, hata iliyokufa. Akazirudisha kwenye leso, zikakaa hapo hadi Idi, watoto wa ami walipokuja na kulikuta sanduku wazi.

Nilitoka uani nikawakuta wamefungua duka. Meza ni kreti ya soda. Bidhaa ni mawe, majani ya mwarobaini, na vipande vya mkate mkavu. Muuzaji ana miaka sita, alizaliwa mtu akishasema noti mpya zinakuja. Mteja akasimama mbele yake, akatoa elfu ya Mzee, imekunjwa mara mbili vilevile alivyoikunja Bibi.

"Mkate mmoja."

Muuzaji akaipokea. Akaiinua kwenye jua kama anavyoona watu wazima wakifanya, akaitazama ile sura kwa makini, akaridhika.

"Chenji subiri," akasema, akaanza kuhesabu majani.